Bonaria: safari ya kulifuata jina la mama mkwe

Siku ya kwanza, 20 Aprili. Civitavecchia

Nimeolewa mwaka wa nne sasa, na jina la mama mkwe wangu halijawahi kutoka kinywani mwangu. Namwita Mama. Wake za shemeji zangu humwita kwa jina lake, naye huitika bila kinyongo. Mimi nimezaliwa Kilema, kwenye mitelemko ya Kilimanjaro, na nilikolelewa mkwe hatajwi jina ovyo.

Sasa nina mimba ya miezi sita. Mtoto ni wa kike, na jina lake limejulikana kabla hajazaliwa. Kwao mume wangu, kisiwani Sardegna, mila ni kwamba binti wa kwanza anarithi jina la bibi mzaa baba. Kwetu Uchagani ni hivyo hivyo: wa kwanza ni wa kwa baba, wa pili ni wa kwa mama. Mume wangu aliponieleza mila hiyo kwa sauti ya kuniandaa, nilimwambia hata ningeolewa kijiji cha jirani nisingeulizwa.

Jina ni Bonaria.

Kliniki ninakohudhuria Roma nesi aliniomba nilirudie mara mbili. Wenzangu kwenye foleni wanasubiri akina Sofia, Aurora, Giulia na Ginevra. Nesi mwenyewe ni Mwitaliano, na alisema katika kazi yake yote hajawahi kumwandika mtoto wa jina hilo.

Neno lenyewe nililijua kabla sijamjua mkwe. Mwaka wangu wa pili Italia nilipata barua ya kodi yenye kichwa *avviso bonario*. Nikakimbilia kamusi: *bonario* ni mpole, mwenye moyo mwema, asiye na makali. Barua hiyo ni ile ya kwanza, inayokukumbusha deni kabla ya kulipishwa adhabu kamili. Wanasheria nao husema *accordo bonario* kwa watu waliopatana bila kufikishana mahakamani. Neno limetoka Kifaransa cha zamani, *de bon aire*, yaani mtu wa asili njema. Basi miaka yote hii nimeamini mama mkwe wangu anaitwa Mpole.

Mwezi uliopita nilimwambia hivyo kwenye simu. Akanyamaza kidogo, kisha akasema, "Hapana, mwanangu. Mimi sikupewa jina la tabia. Nilipewa jina la kilima. Kabla hujaliandika popote, njoo ulione lilikotoka. Njoo kwa sikukuu."

Sikukuu ni tarehe 24. Ndiyo maana usiku huu niko kwenye sitaha ya meli, mume wangu amenifunika koti lake, na taa za bandari ya Civitavecchia zinabaki nyuma. Tutalala baharini.

Siku ya pili, 21 Aprili. Cagliari

Asubuhi nilitoka nje kabla mume wangu hajaamka. Meli ilikuwa imeshaingia ghuba wanayoiita Golfo degli Angeli, Ghuba ya Malaika. Mzee mmoja aliyekuwa akivuta sigara kwenye reli alininyooshea kidole: kulia kwa mji, juu ya kilima kifupi, jengo jeupe lenye kuba. "Bonaria," akasema, basi. Akavua kofia, akaivaa tena.

Nilipigwa na butwaa kidogo kusikia jina la mkwe wangu likitajwa na mtu baki baharini.

Nyumba ya mama iko mtaa wa Villanova, wenye vichochoro vilivyojaa vyungu vya maua milangoni. Majirani wanamwita *tzia* Bonaria. Tzia ni shangazi kwa Kisardegna, lakini si lazima muwe ndugu: kila mwanamke mzima ni tzia, kila mwanamume mzima ni tziu. Mtoto wa duka la mkate alimwamkia hivyo, na mimi nikajisikia niko nyumbani, ambako hata kondakta wa daladala ni anko na muuza ndizi ni shangazi au mama. Roma sikuwahi kulikuta jambo hilo.

Mchana alitupikia *fregola* na kombe wadogo. Ni punje za unga wa ngano ngumu zilizoviringishwa kwa mkono na kukaangwa kavu, zikipikwa zinafyonza mchuzi wote wa bahari. Mezani nilimuuliza kuhusu majina ya rika lake, naye akaanza kuhesabu vidole vya wenzake wa shule. Efisia, kwa ajili ya Mtakatifu Efisio ambaye Cagliari inamwadhimisha kwa maandamano makubwa kila 1 Mei. Gavina, kwa ajili ya Gavino wa Porto Torres. Antioca, wa Sant'Antioco. Gonaria, wa mlima Gonare ulio katikati ya kisiwa. Itria, jina la Bikira aonyeshaye njia, lililotoka Kigiriki *Hodigitria* likamenywa mpaka kikabaki kipande cha mwisho. Nikaelewa kwamba kwa mtu wa rika lake jina la mwanamke lilikuwa kama anwani. Ukisikia Gonaria unajua mama yake alipanda mlima gani kumshukuru Mungu.

Jambo moja dogo la matamshi. Wao wanakazia *na*: Bo-NA-ria, sehemu ya mwisho inatoka kwa mkupuo mmoja. Mama yangu mzazi nilipomtamkia kwenye simu alirudia kwa Kiswahili chetu, Bonarí-a, akiukaza mkazo pale lugha yetu inapoukaza siku zote. Yote mawili yanasikika vizuri. Mtoto wangu atakuwa na milio miwili ya jina moja, na nimeshaamua sitamsahihisha yeyote.

Siku ya tatu, 22 Aprili. Kilimani

Mama alikataa tupande basi. Tulitembea polepole, yeye kwa magoti yake na mimi kwa tumbo langu, mpaka chini ya ngazi pana zinazopanda kanisani. Ukigeuka nyuma kule juu, bahari yote iko miguuni pako.

Makanisa ni mawili yaliyoungana. Basilika kubwa ilianza kujengwa 1704 na haikuwekwa wakfu mpaka 1926. Mabomu ya 1943 yaliiharibu ikatengenezwa tena. Lakini mama hakunipeleka huko kwanza. Alinishika mkono tukaingia patakatifu padogo pa pembeni, pa zamani zaidi, ambapo mnara wa kengele ulikuwa mnara wa ngome. Hapo ndipo jina lilipozaliwa, na lilizaliwa vitani.

Mwaka 1323 mwana wa mfalme wa Aragona, ufalme uliokuwa katika Hispania ya leo, jina lake Alfonso, alitua Sardegna na jeshi lake kuwanyang'anya watu wa Pisa kisiwa. Mji wa Cagliari wakati huo ulikuwa ngome ya Wapisa juu ya kilima kingine, Castel di Castro. Waaragona wakauzingira, na ili wakae karibu na adui bila kukaa bondeni walijenga ngome yao hapa, mwaka 1324, wakaiita Bonaire kwa Kikatalani chao: hewa njema. Miaka miwili baadaye Wapisa walisalimu amri, na Waaragona wakahamia kule juu kwenye mji walioutwaa. Hapa pakabaki kanisa na mnara. Mwaka 1335 Alfonso, sasa akiwa mfalme, aliwapa watawa wa Mercede kanisa hilo.

Watawa hao nilikuwa siwajui. Shirika lao lilianzishwa Barcelona mwaka 1218 na Petro Nolasco kwa kazi moja: kuwakomboa Wakristo waliotekwa na kuuzwa utumwani. Waliomba sadaka, wakavuka bahari, wakalipa fidia. Na nadhiri yao iliwadai hata kubaki wao wenyewe mahali pa mateka fedha zikipungua. Sisi tunaotoka upande wa Bagamoyo na Zanzibar tunajua uzito wa mtu kununuliwa. Nilikaa kwenye benchi nikafikiri juu ya nadhiri hiyo muda mrefu kuliko nilivyotegemea.

Kisha mama akanisimulia kisa cha kasha. Alisimulia kwa sauti ya chini, kama anayesimulia habari ya nyumbani kwao.

Tarehe 25 Machi 1370, jahazi lililotoka Hispania kuelekea Italia lilikumbwa na dhoruba. Nahodha akaamuru shehena yote itupwe baharini. Walipotupa kasha la mwisho, kubwa na zito, bahari ikatulia ghafla. Wakajaribu kulifuata wakashindwa. Kasha likaelea peke yake mpaka ufukweni chini ya kilima hiki. Watu wakakusanyika, wakavuta, wakasukuma, halikuinuka wala kufunguka. Ndipo mtoto mmoja katika umati akapaza sauti: waiteni watawa wa kilimani. Watawa wakaja, wakalibeba bila shida. Ndani mlikuwa na sanamu ya Bikira Maria amebeba mtoto, na mkononi ameshika mshumaa. Mshumaa ulikuwa unawaka.

Sanamu iko pale juu ya altare. Imechongwa kwa mti wa karobu, kimo chake mita 1.56, kwa hiyo anakukaribia urefu wako unapomtazama. Mkono wa kulia una mshumaa. Mbele yake, kwenye kamba ndefu kutoka darini, inaning'inia merikebu ndogo ya pembe za ndovu. Watu wa hapa wanasema inageuka yenyewe kuonyesha upepo unaovuma ghubani. Mabaharia waliingia, wakaitazama, wakajua kama watatweka tanga au watalala bandarini. Jana usiku upepo ulikuwa umebadilika na leo omo ilielekea mlangoni. Mama alisema ni *maestrale*, upepo wa kaskazini-magharibi. Watu wa mwambao wetu wana kaskazi na kusi, matlai na umande, na najua nahodha wa Lamu angesimama chini ya kamba ile aelewe kila kitu bila mkalimani.

Ghorofani kuna jumba la kumbukumbu lililojaa nadhiri za mabaharia: jahazi, merikebu, meli za moshi, zote ndogo ndogo, zilizochongwa na watu waliorudi salama. Na hapo nilikuta kitu ambacho sikutegemea kabisa. Kuna nanga iliyotolewa na malkia Margherita wa Italia kushukuru kurudi kwa msafara wa Ncha ya Kaskazini wa 1899 na 1900, ulioongozwa na mpwa wa mumewe, Luigi Amedeo, mwenye cheo cha Duke wa Abruzzi. Nilisimama. Huyo ndiye aliyepanda Ruwenzori mwaka 1906, na kilele kirefu kuliko vyote cha mlima ule, mita 5,109, akakipa jina la malkia huyo huyo. Ninyi wa Kasese, Uganda, na wa Beni, Kongo, mnakitazama Margherita asubuhi mawingu yakifunguka. Malkia aliyeweka nanga hapa kilimani ana jina juu ya theluji ya kwenu. Milima ile ilikuwa na majina yake kabla ya mgeni yeyote kufika, na hilo nitamwambia binti yangu. Lakini pia nitamwambia kuhusu nanga.

Nilidhani nimemaliza. Tukiwa tunashuka ngazi, mama akasimama kupumzika, akasema kwa namna ya mtu aliyekumbuka chumvi baada ya kutenga chakula: "Hujaniuliza kwa nini *hewa* njema."

Kwa mapokeo ya watawa, muda mrefu kabla ya kasha, mtawa Carlo Catalano aliyekuwa mjumbe wa mfalme aliwaambia wenzake wa hapa wasikate tamaa, kwamba Bibi Mkuu atakuja kukaa mahali hapa, na akishafika malaria inayowasumbua itaondoka, naye ataitwa Bikira wa Bonaria.

"Malaria?" nikauliza, maana alilitamka neno lile lile ninalolijua.

"*Mala aria*," akasema, akiligawa mara mbili kwa mkono. "Hewa mbaya. *Bona aria*, hewa njema. Ni neno moja, mwanangu, limegeuzwa upande."

Siku ya nne, 23 Aprili. Nchi ya mabwawa

Sikulala vizuri. Maisha yangu yote nimelisema neno malaria nikidhani ni la hospitali, la madaktari wote wa dunia. Kumbe ni Kiitaliano cha kawaida, na maana yake ni makosa ya kale: watu waliona homa inatoka kwenye madimbwi, wakalaumu harufu ya hewa, kumbe mwenye kosa alikuwa ndani ya hewa hiyo, mwenye mabawa. Wasardegna wenyewe zamani waliiita *intemperie*. Waaragona wa 1323 kabla ya kufika Cagliari walizingira mji wa Iglesias, na homa hiyo ikawaua kwa maelfu, mwana wa mfalme mwenyewe na mkewe wakaugua. Kwa hiyo walipopanda kilima chenye upepo wa bahari wakakiita Hewa Njema, lilikuwa jina la watu waliotoka kuzika wenzao.

Nimeandika mistari hiyo nikimkumbuka mdogo wangu wa kiume. Kilema hakukuwa na mbu wa kutisha. Wazee wetu walishuka tambarare kulima mahindi na kupanda tena mlimani kulala, na sababu waliijua hata kabla ya kujua mbu: kule chini kuna homa. Baba alipopata kazi Kahe tulihamia chini sote. Mdogo wangu alikuwa na miaka mitatu. Siku mbili tu, ya kwanza alicheza jioni, ya pili hakuamka. Mama yangu tangu siku hiyo huita Kahe "kule chini", hataji jina lake.

Nilimsimulia mama mkwe asubuhi, jikoni. Hakusema pole kwanza. Alikausha mikono, akavaa viatu vya kutembelea, akasema twende stesheni.

Treni ya Oristano inapita uwanda mrefu wa Campidano, ngano na mikaratusi, kwa saa moja na zaidi kidogo. Kijiji alichozaliwa kiko karibu na mabwawa ya chumvi ya upande huo wa kisiwa. Yalijaa heroe siku ile, waridi kama wale wa Natron. Alinipeleka nyuma ya nyumba ya matofali ya udongo, ya jamaa zake, na kuninyooshea ukuta. Karibu na mlango, kwa rangi nyeusi iliyofifia, herufi tatu: DDT. Chini yake tarehe isiyosomeka vizuri tena.

Kati ya 1946 na 1950, kwa fedha na wataalamu wa Taasisi ya Rockefeller ya Marekani pamoja na serikali, makundi ya watu wenye mabomba mgongoni yalipita kisiwa kizima, nyumba kwa nyumba, zizi kwa zizi, pango kwa pango, yakinyunyizia dawa hiyo ya kuua mbu. Wakimaliza waliandika ukutani. Lengo lilikuwa kummaliza mbu asibaki hata mmoja. Mbu hawakuisha, wapo mpaka leo, lakini malaria iliisha. Kisiwa kilichoishi nayo kwa zaidi ya miaka elfu mbili kikaachana nayo ndani ya miaka michache. Dawa ile iliacha madhara yake kwa viumbe, tunajua sasa, na siwezi kuisifu kama mtu asiyejua. Lakini nilikuwa nimesimama karibu na mwanamke aliyezaliwa mwaka 1948 katika nyumba ile, akiweka kiganja juu ya herufi zile.

"Kabla yangu alikuwepo dada," akasema. "Miaka miwili. Homa. Mama aliweka nadhiri kwamba akipata mwingine wa kike, na akaishi mpaka atembee, atampeleka Cagliari kwa miguu. Nilizaliwa mwaka ambao watu wa mabomba walikuwa wanapita. Mama hakutofautisha. Kwake dawa na Bikira vilikuja pamoja. Akaniita Bonaria."

Sikuwa na la kusema. Nilimshika bega.

Lakini damu haisahau upesi kama ukuta. Roma, mwezi wa tatu wa mimba, daktari alipojua mume wangu ni Msardegna na mimi Mtanzania, alitupima wote wawili kabla hata ya kumaliza kuandika. Mtu zaidi ya 1 kati ya 10 Sardegna amebeba chembe ya thalasemia, ugonjwa wa damu wa kurithi, na mume wangu ni mmojawapo. Kwetu ni selimundu. Zote mbili zimebaki katika damu zetu kwa sababu ile ile: anayezibeba kutoka kwa mzazi mmoja tu malaria ilimwia vigumu kumuua, akaishi, akazaa. Zikikutana kwa wazazi wote wawili, mtoto anaweza kuugua. Wiki ile ya kusubiri majibu sikula. Majibu yangu yalitoka salama. Nilipomweleza mama hayo kwenye treni ya kurudi, alisema kwao kuna familia chache ambazo hazijamzika au kumuuguza mtoto wa thalasemia, na kwamba tangu vipimo vya wachumba na wajawazito vilipoanza miaka ya sabini, vitanda vile vimepungua sana. Alisema bila kuniangalia, akitazama mashamba.

Nilikuja kisiwani kutafuta maana ya jina la Kiitaliano. Nilichokipata ni ugonjwa uliomuua mdogo wangu na jina la mtoto wangu vikiwa vimetokana na neno moja, *aria*.

Siku ya tano, 24 Aprili. Sikukuu

Leo sina mengi, miguu imevimba.

Umati ulijaa ngazi zote tangu asubuhi. Tarehe 24 Aprili ilichaguliwa kwa kuwa siku hiyo mwaka 1870, miaka 500 baada ya kasha, sanamu ilivikwa taji rasmi. Mwaka 1907 Papa Pio X alimtangaza msimamizi wa Sardegna yote. Mapapa wanne wamefika hapa: Paulo VI katika siku kama ya leo mwaka 1970, Yohane Paulo II mwaka 1985, Benedikto XVI mwaka 2008, na Fransisko tarehe 22 Septemba 2013. Huyo wa mwisho alikuwa na sababu ya nyumbani. Alizaliwa Buenos Aires, na mji huo ulipoanzishwa kwa mara ya kwanza na Pedro de Mendoza mwaka 1536 uliwekwa chini ya Bikira wa Hewa Njema, ambaye mabaharia wa Hispania walimpenda na kumbeba mpaka ng'ambo ya Atlantiki. Mji wa mamilioni ya watu Argentina una jina moja na mama mkwe wangu. Maandamano ya baharini, ambapo sanamu hupakiwa chomboni na kutembezwa ghubani, ni Julai. Mume wangu ameahidi tutakuja mwakani tukiwa watatu.

Leo pia ni siku ya jina. Waitaliano wanampongeza mtu siku ya mtakatifu wa jina lake, na mlango wa Villanova haukufungwa mchana kutwa. Walikuja akina Bonaria watatu, wazee wote, wakakaa kwenye sofa moja wakila vitandamra vya lozi. Mmoja alinigusa tumbo akasema, "Basi huyu ndiye wa tano." Macho yake yalilowa. Hakuna mjukuu wake hata mmoja aliyepewa jina hilo.

Jioni nilimpigia mama yangu Kilema, kwa video, nikageuza simu azione sura zao. Nilimweleza yote: kilima, kasha, ukuta. Nilipofika kwenye *mala aria* alininyamazisha kwa mkono. Akakaa kimya mpaka nikadhani mtandao umekata.

Halafu akasema, "Kwa hiyo huyo mtoto ni kinyume cha kule chini."

"Ndiyo, Mama."

"Mwite hivyo. Wa kwanza ni wa kwao. Wangu nitamngoja."

Kisha akaniuliza lile nililokuwa naliogopa tangu mwanzo: nitamwitaje mtoto mbele ya mkwe? Nitamkaripiaje mtoto aliyepewa jina la mama wa mume wangu? Nikamjibu kama tunavyofanya wote, nitamwita Mama. Mtoto wangu nitamwita Mama, kama yeye anavyomwita kaka yangu Baba.

Mama mkwe hajui Kiswahili, lakini alisikia jina lake na neno Mama, akamuuliza mwanawe. Akatafsiriwa. Alicheka kidogo, akasema kwangu, "Lakini mara moja utalisema. Nataka nilisikie kutoka kwako. Nimeliona likipotea mtaa mzima."

Sikujibu.

Siku ya sita, 25 Aprili. Kurudi

Meli inaondoka jioni. Leo ni sikukuu ya taifa, mji una bendera. Hakuna ruhusa ya msindikizaji kufika gatini, kwa hiyo mama alituaga mlangoni kwake. Alinipa kifurushi cha *fregola* na kitambaa cheupe cha ubatizo alichobatiziwa mume wangu. Akasema hatakaa ndani; atapanda kilimani asimame juu ya ngazi, maana kutoka pale meli inaonekana mpaka iishe.

Baada ya kujifungua tutakuwa na siku kumi za kumwandikisha mtoto. Nimeandika jina nyuma ya kadi yangu ya kliniki ili karani asinikosee herufi.

Sasa tunatoka. Upepo unatokea nyuma ya mji na unatusukuma. Kilima kinapita upande wetu wa kushoto, jengo jeupe limeshika jua la mwisho, na kwenye ngazi kuna watu wengi wadogo kama punje; siwezi kujua ni yupi. Mume wangu anapunga mkono kwa wote. Nimeshika reli, mtoto anageuka tumboni, na nimelisema. Kwanza polepole, kwa mkazo wa kwao. Halafu kwa sauti, kwa mkazo wa kwetu.

Bonaria.

Mume wangu ameacha kupunga mkono, ananitazama.